Sanduku la Posta la Kuazima Litakuponza

Leo sizungumzii mbegu wala dawa. Nazungumzia sanduku la posta, na najua baadhi yenu mmeshaanza kucheka.

Wiki hizi nimekuwa napitia fomu za vijana wanaoomba mikopo na mikataba ya kilimo, maana wengi wakishajaza wananiletea nizikague kabla hawajazipeleka. Kwenye mpango wa biashara siku hizi mmekuwa wazuri, niseme ukweli. Mtu anajua gharama zake kwa ekari, anajua mavuno anayotarajia, mwingine kaweka hadi mtiririko wa fedha wa miezi 12. Ukifika pale palipoandikwa "Anwani" ndipo mambo yanapoharibika. Mmoja kaandika S.L.P. ya shule ya msingi. Mwingine ya parokia. Mwingine ya ofisi ya kata. Mmoja kaandika "S.L.P. 77" basi, bila mji. Nikamuuliza ya wapi hii? Akasema, "Ndiyo ile ya mzee ya zamani, bwana shamba." Mzee mwenyewe alishastaafu miaka mingi na sanduku hajalilipia tangu hapo.

Msimamo wangu ni huu: kijana aliyeshaweka sahihi kwenye mkataba wowote wa maandishi, au aliyechukua mkopo wenye dhamana, awe na sanduku lake mwenyewe, kwa jina lake au la biashara yake. Habari ya kuazima iishe.

Najua kuazima kulikotoka, na wala sidharau. Nchi yetu barua haikuzoea kuzunguka mlango kwa mlango. Ilikuja hadi posta ya mjini, ikaingizwa kwenye kisanduku chenye namba, ikasubiri mwenyewe aje na ufunguo. Kijijini nani alikuwa na sanduku? Shule, misheni, zahanati, chama cha ushirika. Mwalimu mkuu akienda mjini kufuata mshahara anarudi na barua za kijiji kizima kwenye mkoba. Wazee mpaka leo wanaita "Posta na Simu", ingawa shirika hilo liligawanywa na tangu mwaka 1994 Posta inajitegemea. Mimi mwenyewe barua yangu ya kujiunga na chuo cha kilimo ilipitia sanduku la shule, ikanifikia na alama ya kikombe cha chai juu yake. Haikuniumiza, nilikuwa bado na muda.

Utaratibu ule ulifaa kwa sababu barua nyingi zilikuwa salamu, misiba na mialiko ya harusi. Ikichelewa wiki tatu, unampa pole mtu wiki tatu baadaye. Barua anayotumiwa mkulima wa kibiashara leo siyo ya namna hiyo. Ina siku ndani yake. Jibu ndani ya siku 14. Lipa ndani ya siku 30. Usipojibu tutahesabu umekubali. Siku zinaanza kuhesabiwa wakati barua bado iko kwenye droo ya mtu.

Sasa nisikie upande wenu, maana nimeshausikia sana. "Afisa, hiyo ni mambo ya wazee. Sasa hivi kila kitu kipo kwenye simu." Kwa sehemu kubwa mko sahihi. Bei za soko mnapeana kwenye makundi ya WhatsApp. Ruzuku ya mbolea mlisajiliwa na ujumbe ukaja kwenye simu. Zabuni za serikali zimehamia kwenye mfumo wa NeST. BRELA unasajili jina la biashara ukiwa umekaa chini ya mwembe. TRA nao wana mfumo wao mtandaoni. Mimi mwenyewe sikumbuki mara ya mwisho kumwandikia rafiki barua.

Lakini chukua mkataba wako wowote, ule wa kuuza mazao au wa mkopo, ufungue kurasa za mwisho. Zile ambazo huwa hamzisomi. Mara nyingi utakuta kifungu cha taarifa. Kinasema, kwa maneno yake, kwamba taarifa yoyote kati ya pande mbili itakuwa ya maandishi, itatumwa kwenye anwani zilizotajwa humu, na itahesabiwa imepokelewa baada ya siku kadhaa tangu ilipotumwa. Soma tena hapo: itahesabiwa imepokelewa. Hakuna mahali panaposema mpaka uisome wewe. Ukiwa umeandika anwani ya shule, basi kwa mujibu wa mkataba shule ikipokea ni wewe umepokea. Huwezi kuja baadaye kusema mwalimu hakuniambia. Mwalimu hakusaini mkataba.

Kwa wenye mkopo uliowekewa rehani ya ardhi, jambo linakuwa zito zaidi. Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, inamtaka mkopeshaji atoe taarifa ya maandishi pale mkopaji anaposhindwa kulipa, na inampa mkopaji siku 60 za kurekebisha kabla mkopeshaji hajachukua hatua kama ya kuuza. Siku 60 ni nyingi kwa mkulima. Ndani ya siku 60 unaweza kuvuna nyanya, unaweza kuuza ng'ombe kwa bei ya haki, unaweza kwenda kukaa na afisa mikopo mkapanga upya marejesho. Ni ulinzi mkubwa sheria imekupa. Ila unakuwa wako pale tu unapojua kwamba umeanza.

Yuko kijana mmoja ninayemhudumia, mlimaji wa nyanya na hoho, ana mfumo wa matone kwenye ekari moja na nusu. Mfumo ule alinunua kwa mkopo, dhamana ikawa kiwanja cha baba yake chenye hati. Kwenye fomu aliandika sanduku la shule ambayo mjomba wake alikuwa anafundisha. Mwaka wa kwanza alilipa vizuri. Mwaka wa pili kantangaze ikapiga nyanya, rejesho likapita, la pili likapita. Laini ya simu aliyoandika kwenye fomu ilikuwa imeshapotea na simu, akawa na namba mpya. Mkopeshaji akafanya anachotakiwa kufanya: akaandika barua. Mjomba alikuwa ameshahamishwa wilaya nyingine. Ikaingia likizo. Barua ikakaa ofisini kwa mwalimu mkuu kati ya magazeti na fomu za mitihani, mpaka mwalimu mmoja aliyekuwa anapanga makabati akaona jina la ukoo analolifahamu, akampa mtoto wa darasa la tano aipeleke.

Siku alipoifungua zilikuwa zimebaki 11.

Kiwanja hakikuuzwa, Mungu alisaidia. Lakini waliuza pampu, wakauza ndama wawili na mama yao kwa dalali ambaye alishanusa kwamba wana haraka. Wale ng'ombe wangeuzwa mnadani kwa utulivu wangeleta karibu nusu zaidi ya kile walicholipwa. Mimi nilikuwepo wakati wa kuhesabu, mzee hakusema neno. Kijana bado analima, sasa anamwagilia kwa ndoo sehemu ambayo zamani ilikuwa inafunguliwa bomba tu. Ukitafuta wa kumlaumu humpati. Mkopeshaji alifuata sheria, shule haikuwa na wajibu wowote, mjomba alihamishwa na mwajiri wake.

Ndiyo maana mtu akiniambia ada ya sanduku ni hela ya bure huwa namwuliza ananunua bando la intaneti la shilingi ngapi kwa mwezi. Zidisha mara 12, halafu nenda kaunta ya posta ulinganishe na ada ya mwaka ya mtu binafsi. Ya kampuni na taasisi iko juu ya hiyo, lakini nayo haijafikia hasara ya ng'ombe mmoja.

Niwageukie wenye vikundi na kampuni ndogo, maana huko kuna ugonjwa wa aina nyingine. Mnasajili kikundi, mwenyekiti anasema "tutumie sanduku langu, la nini gharama." Mnapiga makofi. Miaka miwili baadaye mnagombana naye, au anahamia Dodoma, au anafariki, na barua zote za kikundi zinaendelea kuingia kwenye kisanduku ambacho ufunguo uko kwa mjane wake. Posta wanamtambua aliyepanga sanduku, basi. Nyinyi mkienda kaunta kueleza kwamba barua zile ni zenu, watawasikiliza kwa heshima na hawatawapa. Nao wako sahihi, ukiwa wewe ndiye mwenye sanduku ungetaka wafanye hivyohivyo.

Kwa hiyo sanduku la kikundi lipangwe kwa jina la kikundi, kwa cheti cha usajili cha kikundi. Katibu awe na ufunguo, na awe na daftari dogo la mistari: tarehe, barua imetoka wapi, inahusu nini, nani kaichukua, sahihi. Daftari hilo lije kwenye kila kikao. Vikundi vinavyofanya hivi naviona vinagombana kwa mambo mengine, ila kwenye barua hapana.

Na kwa mabinti. Hili nalisema taratibu kidogo. Wengi wenu mnaendesha biashara zenu, kuku, maziwa, vitalu vya miche, lakini anwani ni ya baba, ya kaka au ya mume. Yupo dada mmoja wa vitalu vya miche ya parachichi ambaye barua yake ya benki ilifunguliwa na kaka yake, ikasomwa sebuleni, na kuanzia siku hiyo ukoo mzima ukajua ana akiba kiasi gani. Ndani ya mwezi alikuwa ameshakopwa na watu wanne. Sikuambii uwafiche watu wako. Nakuambia wewe ndiye uamue nani ajue nini na lini.

Tuje kwenye kulipata. Unaenda ofisi ya posta na kitambulisho chako, na kama ni la biashara beba nakala ya cheti cha usajili na TIN. Unajaza fomu, unalipa, unapewa namba na ufunguo. Ofisi nyingine masanduku yamejaa, utaambiwa usubiri mtu aachie. Jiandikishe na urudi kuulizia, usikate tamaa ukaenda kuazima tena. Kodi ni ya mwaka, kwa hiyo iweke kwenye bajeti yako pamoja na leseni. Ukiiacha bila kulipa, sanduku linafungwa na linaweza kupewa mtu mwingine, na mtu huyo mwingine ndiye atakayekuwa anapokea notisi zako.

Wapi upange? Hapa wengi wanakosea kwa kufuata ramani. Usichague posta iliyo karibu na shamba, chagua posta unayopita. Kama mbegu na dawa unanunua Makambako kila baada ya wiki mbili, na Njombe mjini unaenda mara mbili kwa mwaka, basi panga Makambako hata kama wewe ni mtu wa Njombe. Sanduku lisilofunguliwa halina tofauti na droo ya mwalimu mkuu. Mimi nasema kila wiki mbili, usivuke hapo. Siku ya kununua pembejeo iwe pia siku ya kufungua sanduku, uzoee hivyo.

Unapoandika anwani, namba bila jina la posta haina maana. S.L.P. 77 Njombe na S.L.P. 77 Makambako ni watu wawili tofauti. Na msichanganye sanduku na postikodi. Ile operesheni ya anwani za makazi ya mwaka 2022, kabla ya Sensa, ilitupa majina ya barabara, namba za nyumba na postikodi ya tarakimu tano inayoonyesha kata. Kwa mkoa wa Njombe zinaanza na 59. Hiyo inaonyesha ulipo, na inasaidia sana gari la mzigo au mnunuzi anayekuja shambani. Sanduku linaonyesha barua yako isubiri wapi. Fomu nyingi zina nafasi ya vyote viwili, jaza vyote viwili. Ukitengeneza lebo ya asali yako au unga wako, weka pia jina lako na anwani kamili, mlaji ana haki ya kujua bidhaa imetoka kwa nani, na mkaguzi ndicho anachotafuta kwanza.

Posta siku hizi wana huduma ya kufanya namba ya simu iwe anwani yako, mzigo ukifika unapata ujumbe. Kwa aliye mbali na mji ni mkombozi, naiunga mkono. Angalizo langu ni moja, nalo linawahusu vijana hasa: mnabadilisha laini kama mnavyobadilisha viatu. Ukichagua njia hiyo, laini hiyo isajiliwe kwa kitambulisho chako mwenyewe, na ukipoteza simu irudishe namba ileile. Yule mlima nyanya angekuwa na sanduku, au angekuwa na laini yake ya zamani, mojawapo tu, pampu isingeuzwa.

Kuna jambo dogo la vifurushi. Ukishakuwa na sanduku, utaanza kuagiza vitu. Kifurushi hakiingii kisandukuni, utakuta kikaratasi cha kukuita kaunta, nenda na kitambulisho. Sawa. Ila nimeona vijana wanaagiza mbegu za nyanya na pilipili kutoka nje kupitia mitandao, zinatumwa ndani ya bahasha kama barua ya kawaida. Usifanye. Mbegu na mimea kutoka nje inataka kibali cha kuingiza kutoka TPHPA na cheti cha afya ya mimea cha nchi inakotoka. Bahasha ikikamatwa mbegu zinateketezwa, hilo ni dogo. Isipokamatwa na ikawa na ugonjwa, unakuwa umeuleta kwenye shamba lako na la jirani yako, na mimi sitakuwa na dawa ya kukuambia.

Na wewe ukijibu barua ya kimkataba, usiitumbukize tu. Itume kwa rejesta au kwa EMS, upewe stakabadhi yenye namba, uipige picha na kuihifadhi pamoja na nakala ya barua. Siku mtu akikuambia hatukupata jibu lako, unatoa karatasi mezani. Nimeona ugomvi wa bei ukimalizika kwa dakika tano kwa stakabadhi ya namna hiyo.

Je, kila mtu apange? Hapana. Kama unauza matembele na mchicha sokoni kwa fedha taslimu, huna mkopo wala mkataba, hela hiyo nunua mbolea kwanza. Nami sitakusumbua. Siku utakapoanza kuweka sahihi, ndiyo siku ya kwenda posta, na iwe kabla ya sahihi, ili namba iingie kwenye mkataba tangu mwanzo.

Wenye mikataba tayari, kupata sanduku ni nusu ya kazi. Andika barua fupi ya kubadilisha anwani kwenda kwa kila mliyesainiana naye: benki, SACCOS, mnunuzi, bima, mwenye shamba ulilokodi. Rekebisha pia kwenye usajili wako BRELA na TRA. Omba wakuthibitishie kwa maandishi, na mwambie mwenye sanduku la zamani asante, umpe na namba yako ya simu, kwa sababu barua mbili tatu bado zitapita kwake.

Mfano wa barua hiyo nimeuandaa, ni ukurasa mmoja. Mnaofika ofisini kwangu Jumatano nitawapa nakala, walio mbali niandikieni nitawatumia. Wiki ijayo tunarudi kwenye kantangaze, maana maswali yamekuwa mengi na mvua zimekatika.